Jimbo Lililokufa kwa Kushinda

Kwa muda mrefu kuliko inavyofaa kukiri mbele za watu, nimekuwa bingwa wa wilaya moja ya mpakani ambayo haipo tena. Iliitwa Likandos. Ilikuwa kwenye milima ya nchi ambayo leo ni Uturuki, katika Dola ya Rumi ya Mashariki, zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Ukiniondoa mimi na watu wengine wachache waliosambaa duniani, ambao wala hatupendani, hakuna mtu anayekosa usingizi kwa ajili yake.

Nilikuja Toronto kuisomea. Wenzangu wa wakati ule walikuja kusomea uuguzi, uhasibu na kompyuta, wakamaliza, wakanunua nyumba Brampton zenye gereji ya magari mawili. Mimi nilimaliza nikabaki mtaa wa Jane na Finch, kwenye ghorofa refu linalotazamana na maghorofa mengine marefu, karibu na chuo kikuu kilichonipa shahada. Baadaye chuo hicho kikanipa kazi ya mkataba, muhula kwa muhula, kama mtu anayempa paka wa jirani maziwa: asiondoke, lakini pia asijione wa nyumbani.

Kwenye misiba na harusi za Watanzania kule North York, akina mama waliniuliza ninafanya kazi gani.

"Nafundisha historia ya wilaya ya mpakani," nikasema.

"Mpaka wa wapi? Namanga?"

"Wa Warumi na Waarabu. Zamani."

Kisha mmoja akaniongezea wali kwenye sahani, kwa huruma.

Basi nieleze kwa ufupi, maana najua hukuuliza. Milima ile ilikuwa katikati ya Warumi na Waarabu, na kwa kuwa kila upande ulipita hapo kwenda kuuvamia mwingine, watu walikimbia, ngome zikaanguka, nchi ikabaki ya wanyama na upepo. Akatokea jemadari mmoja wa Kiarmenia. Jina lake naliacha. Limeshanisumbua vya kutosha. Alikuwa amemtumikia kaisari, kisha akajikuta upande usiofaa wa uasi, akakimbilia kwa Waarabu, kisha akaomba msamaha na akasamehewa. Akapewa milima ile mitupu aisimamie. Akaijenga upya ngome iliyobomoka, akawaita Waarmenia wenzake, akaijaza nchi watu na farasi, na sehemu iliyokuwa kituo tu cha kulinda vipenyo vya milima ikapandishwa hadhi ikawa jimbo kamili. Baadaye Warumi wakashinda. Wakaiteka miji ya Waarabu iliyokuwa mbele, mpaka ukasogea mashariki, na Likandos, ambayo kazi yake yote ilikuwa kuwa mpakani, ikajikuta katikati, haina la kufanya. Siku Waturuki walipokuja, hapakuwa na wa kuwazuia. Hiyo ndiyo tasnifu yangu nzima: jimbo lililokufa kwa kushinda. Ilinichukua ujana wangu kuiandika, na wewe umeimaliza hata chai haijapoa.

Mama alipofariki, ndugu walikaa kikao kule Moshi. Wakaamua, kwa busara ya watu ambao jambo halitawagusa, kwamba baba asiishi peke yake na aje kwangu. Baba yangu ni mkuu wa wilaya mstaafu, yaani amestaafu mambo yote isipokuwa ukuu wa wilaya. Alianza kwenye wilaya nzuri, yenye lami na migomba na chemchemi. Kisha, nikiwa shule ya msingi, akahamishiwa magharibi kabisa, wilaya ya mpakani, ambako ramani ya ukutani shuleni kwetu ilikuwa imetobolewa na msumari. Tulizisikia habari hizo redioni kama watu wengine wote, maana ndivyo ilivyokuwa: serikali haikupigii simu, unajisikia mwenyewe kwenye taarifa ya habari. Majirani walikuja kutupongeza. "Rais anamwamini," walisema, "ndiyo maana kamkabidhi mpaka." Kukapikwa pilau, nikala nikavimbiwa, na tangu siku hiyo nikajua kwamba baba yangu ni mtu anayeaminiwa na Rais.

Alishuka uwanja wa ndege mwezi wa Novemba na suti ya Kaunda ya kijivu, kana kwamba anakwenda kukagua gwaride. Nilimletea jaketi la mitumba kubwa kama godoro. Akalivaa juu ya suti, na tangu hapo hakuna kati ya viwili hivyo kilichowahi kwenda bila kingine.

Wiki ya kwanza alikaa. Wiki ya pili alianza ziara. Kila asubuhi alipanda mpaka ghorofa ya juu kabisa, lifti ikiwa nzima, akateremka kwa ngazi akisalimia watu na kuuliza kero zao. Watu wa jengo letu wanatoka Ghana, Vietnam, Jamaika, Somalia na kwingineko, na wote wana kero. Baada ya muda mfupi meneja wa jengo, kijana mpole kutoka Ufilipino, akanisimamisha pale chini kwenye masanduku ya barua.

"Baba yako ameniomba taarifa ya utekelezaji," alisema. "Utekelezaji wa nini?"

"Hata yeye hajui," nikamwambia. "Mpe tu."

Binti yangu, ambaye anaelewa Kiswahili chote isipokuwa kile cha kuombwa kuosha vyombo, alimpenda babu yake papo hapo. Babu alisema Kiswahili, yeye akajibu Kiingereza, wakaelewana vizuri kuliko mimi na yeyote kati yao. Baba yake binti yuko Calgary, na huko abaki.

Kwenye mlango unaotazamana na wetu anaishi mjane wa Kiarmenia aliyezaliwa Beirut. Tulipofahamiana, miaka mingi nyuma, nilimuuliza asili ya watu wake, akanitajia mji mdogo wa milimani ambao kwenye ramani zangu ulikuwa ukingoni kabisa mwa Likandos. Nusura niangushe mfuko wa viazi. Nilikuwa nimesoma kila chembe ya karatasi kuhusu pale, na huyu hapa binadamu mzima, anavaa ndara, babu yake katoka kulekule.

"Babu alisema nini kuhusu kule?" nikamuuliza.

"Alisema kuna baridi."

"Na nini kingine?"

"Na kwamba tusimuulize."

Akaingia ndani, akarudi na sahani ya vitumbua vya jibini, akanipa, mazungumzo yakaishia hapo. Sikumuuliza tena. Mauaji yaliyowafukuza watu wake milimani yalitokea karne nyingi baada ya yale ninayofundisha, na hayahitaji mtaalamu kuyaeleza.

Baba naye hakumuuliza chochote, kwa hiyo wakawa marafiki. Yeye alimfundisha baba mchezo wao wa dado na kete, baba akamfundisha bao kwa kutumia katoni ya mayai na maharage, na kila mmoja aliona mchezo wa mwenzake ni wa kitoto. Alimwita baba Gavana. Baba, ambaye katika utumishi wake wote hakupanda cheo baada ya ukuu wa wilaya, aliupokea uteuzi huo bila kupinga.

Wakati wa baridi kali, ziara zilipopungua, baba akaomba tasnifu yangu. Nilimpa kwa furaha ya kipuuzi: hakuna mtu wa ukoo wetu aliyewahi kupita ukurasa wa shukrani. Aliisoma mezani, kamusi kulia, chai kushoto, akipiga mistari kwa penseli. Nilitegemea atasema hongera. Alisema:

"Huyu jemadari wako umemkosea."

"Nimemkosea vipi, baba?"

"Unasema kaisari alimtunuku milima. Hakutunukiwa. Alitupwa."

"Vyanzo vinasema alikwenda kwa kupenda. Aliona nchi nzuri ya malisho, akaomba."

"Vyanzo viliandikwa na nani?"

"Na watu wa ikulu."

"Haya," akasema, akageuza ukurasa kama hakimu.

Niseme ukweli kwamba hakuwa sahihi kwa kila jambo. Alidai pia kwamba jimbo lile lilikwama kwa kukosa kamati ya maendeleo, na kwamba nilipaswa kutaja hali ya mazao ya biashara. Lakini lile neno la kutupwa alilirudia mara kwa mara, akitafuna mkate, mpaka nikamwambia kwamba waliosahihisha tasnifu ni maprofesa wa nchi mbili tofauti na hakuna aliyelilalamikia. Akasema hiyo ndiyo shida ya maprofesa, hawajawahi kuhamishwa.

Hapo ndipo chuo kilipoamua kulifuta somo langu.

Watu wa kwetu wanadhani Kanada mtu hufukuzwa. Hapana. Kanada unashukuriwa. Mkuu wa idara, mama mmoja mpole mwenye mashali mazuri, aliniita ofisini, akanipa chai ya majani fulani, akaniambia jinsi idara nzima inavyouthamini mchango wangu. Niliposikia neno "mchango" nikajua nimekwisha. Somo la mipaka ya zama za kati, alisema, halivutii wanafunzi wa kutosha. Muhula huu ndio wa mwisho. Wangefurahi sana kunifikiria kwa fursa nyingine zitakapojitokeza. Nikamshukuru kwa kunishukuru, nikatoka.

Ni kweli kwamba darasa langu lote lingeenea kwenye lifti. Lakini walikuwa wazuri: msichana wa Kihindi aliyekuwa anasomea sheria, kijana mmoja mkubwa wa Kirusi aliyependa vita, wawili watatu walioingia kwa sababu saa ilikuwa inawafaa, wakabaki.

Nyumbani nilikosea kumwambia baba.

"Wamekushauri kabla ya kuamua?" aliuliza.

"Hapana. Ndivyo ilivyo huku."

"Umeandika malalamiko?"

"Baba, mimi ni wa mkataba. Wa mkataba halalamiki, anasaini."

Kesho yake nilikuwa kwenye kile chumba ambamo wahadhiri wa mkataba tunachangia meza kwa zamu, nikasikia sauti ya baba kwenye korido. Ni sauti iliyojengwa kwa mikutano ya hadhara bila kipaza sauti, na korido za chuo kile hazikujengwa kwa ajili yake. Alikuwa amepanda basi peke yake, jaketi juu ya suti, akauliza njia kwa kila aliyekutana naye mpaka akafika. Alikuwa amesimama mbele ya meza ya karani.

"Nimekuja kuonana na mkuu," alisema kwa kile Kiingereza chake kilichonyooka kama rula.

Karani akamuuliza kama ana miadi.

"Mwambie ni mkuu wa wilaya."

Ningeweza kutoka na kumzuia. Nilibaki nimeshika kitasa cha mlango, mtu mzima mwenye shahada ya uzamivu, najificha baba asinione. Nikasikia mlango wa mkuu wa idara ukifunguliwa, kisha ukifungwa, baba akiwa ndani.

Baada ya muda niliitwa. Nilitegemea kumkuta mama wa watu analia, au walinzi wako njiani. Nilimkuta ameinamia mbele, amejishika kidevu, macho yanang'aa, na baba anamweleza namna alivyowapokea wakimbizi waliovuka mto usiku mmoja wa mvua, na jinsi alivyofungua ghala la pamba ili walale.

"Baba yako ni hazina," mkuu wa idara aliniambia. "Tuna mfululizo wa mihadhara kuhusu wakimbizi na mipaka. Nimemwomba aje azungumze. Amekubali."

Baba alitikisa kichwa polepole, kama mtu aliyekubali jukumu zito la taifa.

"Na somo langu?" nikauliza.

"Ah," mkuu wa idara akasema, na mashali yake yakashuka kidogo. "Kuhusu hilo, uamuzi ulishapita ngazi ya juu."

Kwa hiyo baba yangu alikwenda kunitetea, akarudi na mwaliko wake mwenyewe kutoka kwa idara iliyokuwa inanitoa mlangoni. Kwenye basi la kurudi nilitazama dirishani. Yeye alikuwa anafikiria azungumzie nini.

"Umekasirika," alisema.

"Hapana, baba. Nimefurahi umepata kazi."

Alicheka kidogo. Kisha akasema mhadhara wao wasubiri, kwanza atazungumza kwenye darasa langu la mwisho, kwa sababu mkubwa haanzi kula kwa jirani. Sikumwomba. Lakini sikuwa na nguvu ya kukataa, na kusema kweli sikuwa na cha kuwaambia wanafunzi siku ile isipokuwa kwaheri.

Alikuja na jirani yetu. Yule mama alikuwa amevaa koti lake la kwenda kanisani na kubeba trei ya keki za lozi, akakaa nyuma karibu na mlango. Niliwaeleza wanafunzi kwamba huyu ni baba yangu, aliyewahi kuongoza wilaya ya mpakani Tanzania, na kwamba atasema machache ya kulinganisha. Nilimwomba azungumze kwa dakika kumi. Huwezi kumwomba mkuu wa wilaya azungumze kwa dakika kumi. Ni sawa na kuomba mvua inyeshe upande mmoja wa shamba.

Alianza kwa kusimama na kufunga vifungo vya suti. Aliwaambia kwamba mwalimu wao, yaani mimi, ameandika kitabu kizuri, ila kuna jambo moja asilolijua, na si kosa lake, kwa sababu aliyelijua hakumwambia.

"Nilipokuwa kwenye wilaya yangu ya kwanza," alisema, "palikuwa na chemchemi. Mtu mmoja mkubwa serikalini alikuwa na shamba la kahawa chini yake. Tukiwa kwenye kikao cha mkoa, wakasema maji yapelekwe shambani kwanza, yakibaki yaende kijijini. Kila mtu akakubali. Nikanyoosha mkono. Nikasema, waheshimiwa, watu wanywe kwanza, kahawa itangoja. Nilisema kwa heshima kabisa."

"Ikawaje?" yule msichana wa sheria akauliza.

"Wakanipongeza kwa mchango wangu," baba akajibu. "Muda si mrefu nikasikia redioni kwamba nimehamishwa."

Wanafunzi wakacheka. Mimi sikucheka. Nilikuwa nimesimama karibu na ubao na nilijiona jikoni kwetu Moshi, siku ile ya pilau, mama anakata vitunguu, majirani wanaimba sebuleni, na vitunguu vilivyokatwa vimeshajaa sufuria lakini mama bado anakata, ameupa mlango mgongo, hageuki. Nilikuwa nimemwuliza mbona analia. Akasema kitunguu. Nilimwamini. Nilikuwa mtoto, na nilikuwa na njaa.

Baba aliendelea. Aliwaeleza jinsi alivyofika akakuta ofisi haina milango, mbuzi wamelala kwenye chumba cha mkuu. Polisi walikuwa wachache na viatu vyao vibovu. Biashara pekee iliyostawi ilikuwa ya magendo: sukari na sabuni zinakwenda, vitenge vinakuja.

"Nikawaita viongozi wa magendo," alisema. "Nikawaambia, nyinyi ndio mnaoijua hii nchi, njia zake na lugha zake. Mkikubali, nawafanya kamati ya soko. Wakakubali. Soko likafunguliwa. Hata mimi, jamani, nilikuwa kama wao, mtu aliyekosana na wakubwa. Tulielewana."

"Kama jemadari," kijana wa Kirusi akasema.

"Kama jemadari," baba akakubali, na kunitupia jicho.

Nikauliza swali, kwa kuwa darasa lilikuwa langu bado, angalau mpaka kengele. Nilimuuliza kama kutupwa kule kulimuumiza, au baadaye alipapenda.

Alifikiri. Baba huwa hafikiri mbele za watu. Hufikiria nyumbani, huja na jibu limeshapigwa pasi. Safari hii alifikiri mbele yetu, mpaka jirani yetu akaacha kufunua keki zake.

"Mwaka wa kwanza niliandika barua ya kuomba kuhamishwa kila mwezi," alisema. "Hakuna aliyejibu. Halafu siku moja nikasahau kuandika. Basi."

Nilitambua hapo kwamba sisi wawili tumekosea kwa usawa. Kutupwa alitupwa, na kupapenda alipapenda, na kama mtu angemuuliza jemadari wangu angejibu kitu kama hicho, na mwandishi wa ikulu angechukua nusu anayoipenda. Ningesema, angedai nimrekebishie sura ya pili.

Msichana wa sheria akauliza wilaya ikoje leo.

"Ilifanikiwa," baba akasema. Upande wa pili kulitulia, wakimbizi wakarudi, forodha ikafunguliwa, wafanyabiashara hawakuhitaji tena kupita kwake. Barabara ya lami ikajengwa, ikapita kwingine. Wilaya ikagawanywa, makao makuu yakahamishiwa kwenye lami. Aliyekuwa dereva wake alimpigia simu kumwambia kwamba ile ofisi siku hizi ni stoo ya mbolea. "Hamna hata mtu wa kulaumu," alisema. "Hivyo ndivyo tulivyotaka iwe, amani na barabara."

Akafungua kifungo kimoja, akakaa. Jirani yetu akasimama na kuanza kugawa keki, bila kuambiwa. Alipomfikia baba alimpa mbili.

Tulitembea mpaka kituoni sisi watatu. Barafu ilikuwa imeyeyuka ikawa tope la kijivu, tope maalumu la Toronto ambalo hata kiatu kipya hulikubali kwa shingo upande. Jirani alitangulia. Nikamuuliza baba mbona hakuwahi kuniambia.

"Ulikuwa unajivuna," alisema. "Shuleni uliwaambia wenzako kwamba Rais ananiamini. Mama yako akasema tukuache na hilo, halili chakula chetu."

"Na nyinyi mkaniacha mpaka leo."

"Ungeniuliza ningekwambia. Wewe uliuliza habari za Warumi."

Yeye ni mtu ambaye hata akishinda hoja hatabasamu, husafisha miwani tu. Akasafisha miwani.

Mambo mengine yaliishia hivi. Somo lilifutwa kweli. Mimi si mtu wa kusimulia miujiza. Muhula uliofuata fursa nyingine ikajitokeza, kama walivyoahidi: nikapewa kuwafundisha wanafunzi wa uhandisi namna ya kuandika aya. Ni watu wa heshima, hawaelewi kwa nini aya iwe na zaidi ya sentensi moja, na siku nyingine nakubaliana nao. Baba alitoa mhadhara wake wa wakimbizi mbele ya ukumbi uliojaa, akapigiwa makofi akiwa amesimama, wao pia wakiwa wamesimama, na mkuu wa idara akamwuliza kama ana tasnifu. Akamwambia hapana, ana binti. Sikujua nicheke au nijifiche tena nyuma ya mlango.

Kisha kamati ya wapangaji ikataka mwenyekiti mpya, na bila shaka wakamfuata baba. Alikataa katakata. Niliona ajabu, nikamwuliza sababu.

"Uchaguzi ni wa wanasiasa," alisema. "Mimi sijawahi kupigiwa kura. Mimi ni mtu wa kuteuliwa."

Siku ya mkutano nilikuwa nasahihisha aya. Jirani yetu wa Kiarmenia akasimama akapendekeza jina langu, akaeleza kwamba nimesoma utawala wa wilaya mpaka mwisho wa elimu, watu wa Ghana na Jamaika wakaona ni jambo la maana, na nikachaguliwa bila kupingwa, bila kuwepo na bila kuambiwa. Binti yangu ndiye aliyepanda kunipa habari. Alisema kwa Kiingereza kwamba pole sana, kisha, kwa mara ya kwanza kwa miezi mingi, akaosha vyombo.

Mkutano wangu wa kwanza ulifanyika chumba cha kufulia, maana ukumbi ulikuwa unapakwa rangi. Mashine zilikuwa zinazunguka. Palikuwa na malalamiko ya kelele, ya maegesho, na ya familia moja inayokausha samaki kwenye baraza. Niliandika yote. Baba alikuwa amekaa nyuma kabisa kwenye kiti cha plastiki, suti na jaketi, mikono magotini. Nilimngoja aanze kunirekebisha. Hakufanya hivyo. Mwishoni alinyoosha mkono kama mpangaji yeyote, akangoja nimruhusu.

"Mwenyekiti," alisema, "nina swali. Hiki chumba Jumapili kinafunguliwa saa ngapi? Wengine tunatoka kanisani tunakuta kimefungwa."

Sikujua. Nilitazama makaratasi yangu, ambayo hayakuwa na kitu, nikamtazama meneja, naye akatazama mashine.

"Ahsante kwa swali zuri," nikasema. "Tutalifuatilia."

Baba alishusha mkono, akamgeukia jirani yetu, akamnong'oneza kwa sauti ile ile isiyojua kunong'ona kwamba nimeanza vizuri.